Polisi wakipekua bila shahidi, bangi bado ni bangi?

Mtoto wa Gungu: Wana Kigoma, hili linanikera. Mtu kakutwa na gunia la bangi ndani, kafungwa, akifika Mahakama ya Rufani anaachiwa eti hakukuwa na stakabadhi ya polisi ya kilichochukuliwa. Bangi imegeuka mchicha? Na hao mashahidi wa upekuzi wenyewe ndio hawa wajumbe wa nyumba kumi, wakipewa soda wanasaini chochote.

Mswahili wa Ujiji: Soma kifungu cha 38 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai. Askari akichukua kitu anatoa stakabadhi, mwenye nyumba anasaini, mashahidi wanasaini. Watu wanakula miaka 30 kwa dawa za kulevya. Ukipandikiziwa kifurushi utajitetea na nini?

Kibirizi Mwaloni: Malizia na maneno ya mwisho ya kifungu hicho basi: mashahidi "kama wapo". Na Mahakama ya Rufani hiyo hiyo imeshakubali kwamba karatasi ikikosekana, ushahidi wa mdomo unaoaminika unaweza kutosha.

Mama Zuhura: Mimi nimekwama hapo kwenye soda. Mwanangu, mimi ni mjumbe hapa Mwanga. Naamshwa saa nane usiku, naacha wajukuu, nasimama chumbani kwa watu godoro linapinduliwa. Soda ya nani? Omba radhi.

Mtoto wa Gungu: Shikamoo mama. Sikukusema wewe. Lakini mjumbe wa nyumba kumi, yaani wa shina, ni wa chama tawala, si wa serikali. Akipekuliwa mpinzani, huyo ni shahidi huru?

Katubuka Kwetu: Hapo umegusa penyewe. Aitwe mwenyekiti wa mtaa.

Mama Zuhura: Na yeye kapita kwa chama gani? Saa hizo simu yake imezimwa, anayefungua mlango ni mimi.

Mswahili wa Ujiji: Saa nane usiku? Hati ya upekuzi hutekelezwa jua likiwa juu, labda mahakama iruhusu. Mama, walikuonyesha ruhusa?

Kibirizi Mwaloni: Kuna upekuzi wa dharura, kifungu cha 42. Mzigo ukishuka na boti usiku utasubiri kupambazuke?

Mswahili wa Ujiji: Nyumba ya Mwanga ina boti? Dharura imekuwa kila siku.

Mama Zuhura: Ruhusa waulizeni askari. Mimi nilipanda kizimbani, wakili akanihoji utadhani mtuhumiwa ni mimi, na nauli nikajilipia. Hiyo nani ananirudishia?

Katubuka Kwetu: Mama, hata mimi posho ya ushahidi sijaiona mpaka leo. Kesi nyingine zinakufa kwa hilo tu, shahidi hana nauli ya kurudi mara ya pili.