Nguo na seti za muvi, mtu mmoja anaweza kufanya zote? Niko Lamu

bi_cherehani
Assalam aleykum jamani. Mie ni fundi hapa Langoni, nashona makanzu na nguo za arusi, sasa juzi kuna watu walikuja kupiga filamu fupi huko Mkomani wakanichukua niwasaidie mambo ya nguo, kufika pale dairekta akaniambia na chumba cha kupigia pia, wao wanaita seti, nikipange mie, nipambe zidaka, vile vishubaka vya ukutani, kwa vyombo vya zamani, nitafute kitanda cha samadari, viti, mikeka, na nikazipata zote kwa majirani. Nimeipenda hiyo kazi wallahi. Swali langu, mtu anaweza kufanya vyote viwili ikawa ndio kazi yake, ama lazima nichague kimoja? Pesa ya kwenda kusomea Nairobi sina.

shabiki_wa_kihindi
Waleykum salaam dadangu. Mtafute Bhanu Athaiya, mama wa Kihindi, alianza kwa kuchora mitindo ya nguo kwenye magazeti ya kina mama, miaka ya 50 akaingia kwenye filamu na hakutoka tena, zile picha tulizokuwa tunazitazama utotoni nyingi nguo zake. 1983 akapata Oscar kwa ile ya Gandhi, Mhindi wa kwanza kabisa kuichukua, yeye na Muingereza mmoja John Mollo. Na 2012 akairudisha tuzo kwa wenyewe Marekani wamtunzie, hakuwaamini watu wa nyumbani 😂 Lakini huyo ni nguo tu, seti hakushika. Chagua kimoja.

seti_mombasa
Hapo sikubaliani na ndugu yangu hapo juu. Kwa muvi zetu za bajeti ndogo mtu mmoja anashika zote na hakuna anayeuliza. Muvi kubwa ndio wanatenganisha, ila hata huko mtu wa nguo na mtu wa seti hukaa na dairekta na mtu wa kamera kabla ya kupiga chochote wakubaliane rangi. Fikiria ukuta wa chokaa wa Lamu halafu mtu kasimama mbele yake na kanzu nyeupe pe, kwa kamera utaona kichwa kinaelea. Ndio maana nyeupe mara nyingi huchovywa kwenye chai ififie kidogo, bado itaonekana nyeupe lakini haimulikii kamera.
Halafu soma skripti na kalamu mkononi, kila tukio andika nani kavaa nini na ni siku gani kwenye hadithi, kwa sababu hawapigi kwa mpangilio, mwisho unaweza kupigwa Jumatatu na mwanzo Alhamisi, kwa hivyo kila mtu mpige picha na simu, kifungo kipi kilikuwa wazi, mkono umekunjwa vipi, kofia imekaa upande gani. Na kama kuna mtu anatumbukia baharini usishone kanzu moja, shona tatu au zaidi maana dairekta atasema rudia na ile ya kwanza inatiririka maji.

mla_biryani
Kuna Catherine Martin wa Australia, huyo anafanya yote na kwa muvi kubwa kubwa. Moulin Rouge! alichukua Oscar ya seti na ya nguo usiku mmoja, 2002, halafu The Great Gatsby akarudia vile vile 2014, jumla nne.

shabiki_wa_kihindi
Dairekta wa hizo zote si ni mumewe 😂😂

mla_biryani
Ni mumewe, na walikuwa pamoja tangu chuoni Sydney, lakini Oscar hupigiwa kura na watu wa fani bwana, mume hagawi.

bi_cherehani
Shukran sana, hiyo ya chai nitaijaribu. Sasa hawa watu wamenipigia wanarudi na kazi ndefu zaidi, nguo na nyumba nzima, wanataka niwatajie bei moja. Niseme ngapi?

seti_mombasa
Usitaje bei moja. Waombe skripti kwanza uhesabu. Pesa ya vitambaa na vitu vya kukodi iwe mbali na ujira wako, na ujira wa nguo mbali na wa seti, ikiwezekana dai msaidizi alipwe na wao. Na vile vitu vya majirani viandikwe vyote na picha, kikivunjika wanalipa wao sio wewe. Wakutilie saini kabla hujakata hata kitambaa.