Kontua inanifanya kama nimeshika masizi, nakosea wapi?

MwaliWaKioo:
Habari zenu wapendwa. Nisaidieni na hii kontua, yaani kupaka rangi iliyokolea usoni ili sehemu ionekane kama iko kivulini na imepungua, kabla sijavitupa hivi vitu. Uso wangu ni mrefu, paji kubwa, na pua naiona imetanda. Nimefuata mchoro mmoja hatua kwa hatua: mistari miwili puani, halafu umbo la tarakimu 3 kila upande, kutoka kwenye paji kupita chini ya shavu mpaka kwenye taya. Natumia brondha, ile rangi ya kahawia ya usoni, yenye kumetameta kidogo. Kwenye kioo cha chumbani nikiwasha taa najiona nimependeza. Nikijipiga selfi, pua iko palepale na mashavu yana michirizi. Harusi ya dada'ngu imekaribia na mimi ndiye msimamizi wake. Sitaki aibu.

BrashiMoja:
Anza na hiyo brondha. Umeona wapi kivuli kinametameta? Kinachong'aa kinarudisha mwanga, na penye mwanga huonekana pamesogea mbele, kwa hiyo unaongeza pale unapotaka kupunguza. Tafuta krimu isiyong'aa, iliyokolea toni moja au mbili kuliko ngozi yako. Kama wewe ni mweusi kama mimi, zile za kijivu zikimbie, zinapausha. Mimi natumia fondesheni iliyokolea tu, na inatosha.

KungwiWaPoda:
Mdogo wangu, hiyo tarakimu 3 inawafaa zaidi wenye uso wa duara. Wewe mwenye uso mrefu ukijitia kivuli pembeni unaubana, nao unazidi kurefuka.

Chukua uzi, upime sehemu tatu: kwenye mzizi wa nywele hadi nyusi, nyusi hadi chini ya pua, chini ya pua hadi ncha ya kidevu. Wachoraji wa zamani walitaka zilingane, ingawa binadamu wachache sana wako hivyo. Iliyozidi ndiyo ya kutiwa kivuli. Mimi nililaumu pua miaka mingi, kumbe paji! Sasa napitisha krimu kidogo kwenye mzizi wa nywele, naichanganya mpaka iingie kwenye nywele zenyewe, basi. Puani sigusi.

Shavu nalo usilikisie. Bonyeza kwa kidole mpaka uhisi mfupa, paka chini yake kidogo ukianzia sikioni, na usimame ukifika usawa wa pembe ya nje ya jicho. Ukivuka hapo kuelekea mdomoni ndipo michirizi inapoanzia. Tumia sponji yenye unyevu, gongagonga kuelekea juu, usisugue. Na blashi, ile rangi ya mashavu, ilaze kwenda pembeni, usiipandishe, uso utaonekana mpana kidogo.

MpigaPicha_K:
Jamani, na simu yenyewe ni shahidi wa uongo. Kitu kilicho karibu na lenzi huvimba, na usoni kilicho karibu zaidi ni pua. Kuna utafiti wa Marekani wa mwaka 2018 uliokadiria kwamba selfi ya umbali wa sentimita 30 hivi huipanua pua kwa takriban asilimia 30. Mpe mtu simu, asimame mita 1.5 kutoka ulipo, ndipo uihukumu hiyo pua. Taa ya chumbani nayo iache, kaa dirishani mchana.

Sina_Haraka:
Kwani pua ikitanda kuna nini? Si umerithi?

MwaliWaKioo:
@Sina_Haraka ya baba, copy kabisa, na yeye hajawahi kulalamika.

Nimerudi na majibu. Uzi umesema paji limezidi kwa upana wa kidole kizima, pua haina kesi. Nimejaribu upande mmoja tu wa uso, dirishani. Mdogo wangu kapita, kanitazama, kauliza mbona shavu moja limelala vizuri. Mstari hajauona! Tatizo moja: nilitangulia poda, krimu ilipofuata ikajikusanya vipandevipande kama ukuta unaobanduka rangi.

BrashiMoja:
Krimu juu ya krimu, poda mwisho. Na siku hiyo poda iwe nyepesi, uijaribu kwanza kwa picha ya flashi, kuna nyingine huacha weupe chini ya macho ambao kioo hakikuonyeshi.

KungwiWaPoda:
Huo upande wa pili umeuacha hivyohivyo?

MwaliWaKioo:
Bado niko nao hapa dirishani, dada.