Tupeane uzoefu: vidonda vya miguu kwa wenye sukari

Wakuu, habari za muda huu. Mama yangu ana sukari mwaka wa 11 sasa. Juzijuzi alirudi harusini, nikaona kila anapokanyaga anaacha doa jekundu sakafuni. "Mama, umeumia?" Hapana. Kumvua kiatu, ndani kuna kizibo cha soda. Kashinda nacho kutwa, kacheza nacho, hakusikia kitu. Miguu imekufa ganzi.

Tukakosea: maji ya moto na chumvi, kisha spiriti. Siku ya 9 kidonda kikanuka. Hospitali wakakata nyama iliyokufa, wakapiga eksrei kuangalia mfupa (mzima, namshukuru Mungu), akaanza antibiotiki na insulini. Usaha ulipoisha wakamfunga hogo (plasta ngumu ya mguu), maana kidonda cha unyayo hakifungi mtu akiendelea kukikanyagia, hata apewe dawa gani. Hilo sikulijua kabisa! Wiki ya 8 kikafunga.

Waliopitia haya, mnafanyaje kisirudi?

Wa Kigamboni: Pole sana mkuu. Mzee wangu aling'atwa vidole na panya usiku, asubuhi ndiyo tunaona damu kwenye shuka. Kumbe kliniki wameshawapokea wengine wa hivyo. Siku hizi neti inachomekwa vizuri chini ya godoro, na chakula hakilali chumbani.

Bibi wa Tanga: Wanangu, mimi mwenyewe nimekatwa kidole 2019. Nilikuwa nachonga sugu kwa wembe. Sasa kila nikitoka kuoga naweka kioo kidogo sakafuni, natazama unyayo wote. Nafuta katikati ya vidole mpaka pakauke, na mafuta hapo sipaki. Viatu nanunua jioni, mguu ukiwa umejaa, na sivai bila kukung'uta.

Nesi: Ombeni kupimwa ganzi walau mara moja kwa mwaka. Unafumba macho, unaguswa unyayo kwa kijiuzi cha gramu 10 (yaani kinapinda kikibonyezwa kwa uzito huo), unasema ukisikia. Hakiumi. Na jamani, kidonda cha mguu msikisubirie kikauke chenyewe, njooni mapema. Mguu mmoja ukivimba, ukawa mwekundu na wa moto, hata bila kidonda, njoo siku hiyohiyo wala usiukanyagie.

Mleta mada: Asanteni sana. Nimemsomea mama majibu yote. Ya Bibi wa Tanga kanirudisha mara mbili, kisha akaniagiza kioo.