MJADALA: Kabla ya kutangaziwa mwaka wa umeme wa muungano wa nyuklia, tuonyeshwe ukuta kwanza

MLETA MADA
Wakuu, salaam. Kila baada ya miezi michache tunaletewa habari njema: plazma, yaani gesi ya moto sana ambayo atomi zake zimebanduliwa elektroni, imeshikiliwa muda mrefu zaidi, rekodi imevunjwa, umeme usioisha uko mlangoni. Januari 2025 EAST, mashine ya China ya majaribio ya muungano, ilifikisha sekunde 1,066. Februari yake WEST ya Ufaransa ikaipita kwa sekunde 1,337. Nashangilia kama wengine. Ila kuna swali ambalo vichwa vya habari havilijibu: baada ya hapo, ukuta ulibaki na hali gani?

Kwa aliyeingia leo: kinu cha muungano kinaunganisha diteriamu na tritiamu, ndugu wazito wa haidrojeni, kwenye nyuzi joto milioni 150 hivi. Hakuna chombo cha kubeba moto huo, kwa hiyo unaning'inizwa kwa sumaku. Sumaku nazo hazizibi kila kitu. Joto linavuja, na majivu ya heliamu lazima yatolewe, la sivyo yanazima moto wenyewe. Pa kutolea ni sakafu ya mashine, inayoitwa daiveta. Ile ya ITER, mradi wa kimataifa unaojengwa Cadarache kusini mwa Ufaransa, imesanifiwa kubeba megawati 10 kwa kila mita ya mraba bila kupumzika, na hadi 20 kwa vipindi vifupi. Uso wa jua hutoa kama 63.

Mwaka 2023 ITER ilipendekeza kubadili ngozi ya ukuta wake: berili itoke, tangsteni iingie. Ratiba mpya inasema utafiti uanze 2034 na mafuta halisi yawashwe 2039. Nyumba inabadilishiwa ukuta ujenzi ukiwa katikati! Hoja yangu ni hii: pesa ya umma isiingie kwenye kinu kingine kikubwa, na kiongozi asitutajie mwaka wa umeme, mpaka nyenzo za ukuta zipimwe kwa nyutroni zenyewe, zile chembe zinazoruka kutoka kwenye muungano. Nipingeni.

MWALIMU WA FIZIKIA
Hoja nzuri, ila umeanzia pale ambapo wengi huteleza. Nyuzi milioni 150 peke yake si adui wa ukuta. Plazma ile ni nyepesi mno. Mafuta yote yaliyo ndani ya tumbo la ITER, lenye zaidi ya mita za ujazo 800, hayazidi gramu chache. Cheche za jiwe la kunolea zina joto la kuyeyusha risasi, na zinaruka mkononi bila kukuunguza, kwa sababu kila moja imebeba kidogo sana.

Adui ni nguvu inayomiminwa mahali padogo bila kukoma. Chukua hesabu ya ITER: megawati 500 za muungano. Asilimia 80 inaondoka na nyutroni, ambazo hazijali sumaku na zinakwenda kuzama ndani ya ukuta. Megawati 100 zinabaki kwenye heliamu, ongeza 50 za kupashia kutoka nje. Hizo 150 zinabaki ndani ya plazma, na mwisho wa safari mistari ya sumaku inazishusha kwenye utepe ambao upana wake unapimwa kwa milimita. Hapo ndipo kila kitu kinaamuliwa.

Dawa iliyopo ni kupuliza gesi kama neoni au nitrojeni karibu na daiveta. Gesi inang'aa, joto linatawanyika kama mwanga kabla ya kutua. Kazi ni kupata kipimo. Ukipuliza kidogo unachoma sakafu. Ukizidisha, gesi inapenya hadi kiini na moto unanyauka.

FUNDI ARGONI
Mimi si msomi wa nyuklia. Nachomelea alumini na chuma kisichoshika kutu kwa argoni, na ncha ninayoshika mkononi kila siku ni tangsteni hiyo hiyo. Mwali unaotoka pale nao ni plazma, kama sikosei. Wanasema tangsteni huyeyuka kwenye nyuzi 3,422, hakuna metali inayoizidi. Sawa. Lakini nina mambo mawili niliyoyaona kwa macho.

La kwanza, ukiteleza ncha ikagusa chuma kilichoyeyuka, chembe yake inabaki ndani ya mshono. Kwa nje huoni kitu. Mkaguzi akipiga eksirei, inatokea nukta nyeupe inayong'aa, na kazi yote inakataliwa. Nilishawahi kukata mshono wa siku nzima kwa ajili ya nukta moja ndogo kuliko kichwa cha pini. La pili, ikiwa baridi haipindi. Ukiilazimisha inakatika tap, kama chaki, na ukitazama pale ilipokatikia unaona punje.

Sasa niambieni: kitu kinachokatika hivyo kikiwa kizima, mkikipiga nyutroni mwaka mzima kitakuwaje?

MWALIMU WA FIZIKIA
Fundi, umegusa kidonda, mara mbili.

Nukta yako nyeupe ndiyo hofu ya watu wa plazma. Atomi ya tangsteni ina elektroni 74. Ikibanduliwa ukutani na kuingia kwenye kiini, hata joto lile haliwezi kuzing'oa zote; zinazobaki zinang'aa kwa eksirei na kunyonya joto la plazma nzima. Inavumilika ikiwa ni atomi chache tu katika kila laki moja. Berili ina elektroni 4, kwa hiyo plazma ilikuwa inaisamehe. Ubaya wa berili ni kwamba ni sumu ikivutwa kama vumbi, inayeyuka kwenye 1,287, na inamomonyoka upesi.

Kuhusu kukatika: nyutroni zinasukuma atomi kutoka mahali pake, na nyingine zinageuza tangsteni kuwa reniamu na osmiamu. Metali inakakamaa. Na kuna jambo ambalo mimi hunikosesha usingizi zaidi, heliamu. Uso wa tangsteni ukiwa na joto la kutosha, heliamu inaingia chini ya ngozi, inafanya mapovu, na baada ya muda uso uliokuwa kama kioo unaota manyoya meusi, nyuzinyuzi nyembamba kuliko unywele mara elfu na zaidi. Ile si tangsteni iliyonunuliwa tena. Inapitisha joto kwa namna nyingine na inatoa vumbi kwa namna nyingine.

MTETEZI WA MITAMBO
Naomba kutofautiana na mleta mada, tena bila kuzunguka. Unataka ukuta upimwe kwanza, kinu baadaye. Historia ya kaboni inakukatalia.

Miaka ya 1980 na 1990 mashine kubwa zilivikwa vigae vya kaboni. Kwenye karatasi ilikuwa mshindi: elektroni 6 tu, na ikizidiwa na joto haiyeyuki, inageuka mvuke. Kisha TFTR ya Princeton na JET ya Culham, Uingereza, zikawasha tritiamu. Mafuta yakaanza kupotea. Kaboni iliyomomonyoka ilikuwa inashikana na haidrojeni na kwenda kuganda kwenye vichochoro ambako plazma haifiki, tabaka juu ya tabaka, imefunga tritiamu ndani. Uzito wa jambo lile ulionekana ndani ya mashine, si mezani.

JET ikavuliwa kaboni, ikavikwa berili na daiveta ya tangsteni, ikawashwa tena 2011. Mafuta yanayobaki ukutani yalipungua zaidi ya mara kumi. Mwaka 2013 wakafanya jambo ninalolipenda: kipande kimoja cha tangsteni kiliachwa kimechomoza kwa makusudi ili kiyeyuke, waone plazma itafanya nini. Kiliyeyuka kidogo kidogo, na mashine ikaendelea. Huko Ujerumani ASDEX Upgrade ilishakamilisha ukuta wa tangsteni tupu tangu 2007. ITER ilipobadili ngozi haikuyumba, ilisoma matokeo. Ukifunga pesa ya mashine, somo linalofuata utalipata wapi?

MLIPAKODI
Nauliza kwa kifupi. Kila awamu mnasema ni somo. Somo hili lina mtihani wa mwisho au ni la kudumu?

MTETEZI WA MITAMBO
Mkuu, JET ilizalisha megajuli 69 za nishati ya muungano mwaka 2023, ikiwa na ukuta huo mpya, kisha ikafungwa. Mwaka 1997 ilikuwa 22 ikiwa na kaboni. Huo nauita mtihani.

DADA WA LITHIAMU
Mbona wote mnazungumza kana kwamba ukuta lazima uwe mgumu? Kitu kilichokwisha kuyeyuka hakiwezi kupasuka. Lithiamu inayeyuka kwenye nyuzi 181, stani kwenye 232. Unavika sakafu wavu wa tangsteni wenye vitundu vidogo, metali ya maji inapanda yenyewe kama mafuta kwenye utambi, na kilichovukizwa kinajazwa hapo hapo. Nyutroni zinaweza kuharibu wavu, lakini uso unazaliwa upya kila dakika. Imejaribiwa Frascati nchini Italia, Princeton, hata EAST. Tatizo ni kwamba wavu huu haupigiwi makofi kwenye habari.

MWALIMU WA FIZIKIA
Dada, nakupenda kwa hoja hiyo lakini lithiamu ina tamaa. Inanyonya haidrojeni kama kitambaa kikavu, pamoja na tritiamu. Kinu chenye nguvu ya muungano ya megawati 1,000 kikiwaka mwaka mzima kinachoma kama kilo 56 za tritiamu, wakati akiba ya kiraia ya dunia nzima ni makumi machache ya kilo, nayo inapungua nusu kila baada ya miaka 12.3. Kinu lazima kijitengenezee. Kikifunga hata sehemu ndogo ukutani, kinakufa njaa. Tena lithiamu na maji ya kupoza havikai nyumba moja. Stani haina tamaa hiyo, ila ina elektroni 50; tunarudi kwenye nukta nyeupe ya fundi.

DADA WA LITHIAMU
Ndiyo maana nasema ipewe pesa ya kutosha ijibu, si makombo. Kupoza kwa maji si amri ya Mungu.

MLETA MADA
Nimesoma yote. Mtetezi, kwenye kaboni umenishinda, nafuta sentensi ya "ukuta kwanza, kinu baadaye". Ila nyutroni hujanijibu. Moto wa JET ulidumu sekunde chache kila ulipowashwa. Nyutroni za muungano zinatoka na nishati ya MeV 14.1 (kipimo cha nishati ya chembe), kubwa kuliko za vinu vya kawaida vya kupasua atomi, na ndani ya chuma zinazalisha heliamu nyingi zaidi. Leo hakuna mahali duniani pa kuweka kipande cha ukuta kikapigwa na nyutroni za namna hiyo kwa wingi, miaka mfululizo. Mtambo wa kufanya kazi hiyo, DONES, unajengwa Granada, Hispania: mwale wa diteriamu unapiga pazia la lithiamu linalotiririka, nyutroni zinatoka upande wa pili. Huo ulipaswa kuwa umemaliza kazi kabla hatujachora kinu cha umeme. Badala yake unafuata nyuma.

Kwa hiyo nabadili hoja. Mashine zijengwe. Lakini kila rekodi itangazwe na namba tatu pembeni: joto lililotua kwenye kila mita ya mraba ya daiveta, gramu za ukuta zilizomomonyoka, na mafuta yaliyobaki ndani ya ukuta.

MTETEZI WA MITAMBO
Hizo tatu nazikubali. Watafiti wengi wanazipima tayari, ni wasemaji wa habari wanaozikata.

FUNDI ARGONI
Nina la mwisho. Nimetazama mchoro wa kile kipande cha daiveta. Kimefanana na shanga ya mstatili, upana wake sentimita tatu kasoro, bomba la aloi ya shaba limepita katikati na maji ndani. Juu inazidi nyuzi 1,000, milimita chache chini yake kuna maji. Kingo zimenolewa mshazari nusu milimita ili kipande kimoja kisichomoze kuliko jirani yake. Kazi safi, nimevua kofia. Ila ikipasuka nani anaingia kubadilisha?

MWALIMU WA FIZIKIA
Hakuna mtu anayeingia, ukuta unakuwa na mionzi. Daiveta ya ITER imekatwa makasha 54, yanachomolewa na roboti, moja baada ya jingine.

FUNDI ARGONI
Na wakati roboti anachomoa, umeme unatoka?

MLETA MADA
Hautoki. Basi namba ni nne: siku ambazo kinu kitakaa kimezimwa kikibadilishiwa sakafu.