Iafoni za waya: nitajuaje ipi ina sauti safi kweli?

Wakuu habarini, naombeni ushauri. Nina iafoni mbili za waya, moja ya 15,000 nyingine ya 150,000, nikipiga taarab kwenye ile ya bei fidla na kanuni (ile ala ya nyuzi) nazisikia kila moja kivyake ila besi kama imekimbia, hii ya bei poa inadunda balaa lakini mwimbaji kazama kabisa. Jana nikabadili vile vimpira vya kuingia sikioni nikaweka vikubwa, besi ikarudi! Sasa muda wote huo nilikuwa nahukumu iafoni au matundu ya masikio yangu? Halafu ile inayopiga kwa nguvu ndo naionaga tamu, nahisi najidanganya. Nyie mnasawazisha volyumu kwanza? Na MP3 ya 128 kbps (faili lililobanwa sana) inafaa kupimia au mpaka FLAC (lisilopoteza ubora)?