Kuandika Kiarabu kwa kibodi ya Kiingereza: tunajirahisishia au tunajidumaza?

Wadau, kuna hoja naisikia kila mara: anayejifunza Kiarabu akizoea kubonyeza S apate sini na B apate be, amejiharibia, tahajia hataijua kamwe. Siikubali. Wanaosema hivyo wanatia vitu vitatu kapu moja.

Kwanza Arabizi, yaani Kiarabu kinachoandikwa kwa herufi za Kilatini na tarakimu, ile ya "mar7aba" na "3arabi": 7 ni ح na 3 ni ع, kwa kufanana umbo. Hiyo ilizaliwa na shida. Simu nyingi za zamani hazikuwa na herufi za Kiarabu, na hata zilipopatikana, ujumbe mmoja ulibeba herufi 160 za Kilatini lakini 70 tu za Kiarabu. Pili, programu za kubashiri kama Yamli: unaandika kwa Kilatini, inakuletea orodha ya maneno, unachagua. Tatu, mpangilio wa kifonetiki, ambapo kila kitufe kina herufi ya Kiarabu inayokaribiana nacho kwa sauti: T ni ت, ukishikilia shifti inakuwa ط.

Sasa chukueni tini na udongo. Tini ni تين, udongo ni طين. Ukiandika "tin" kwenye programu ya kubashiri, yenyewe ndiyo inayotangulia kuamua, wewe unapitisha la juu. Nilishampelekea mwalimu insha fupi kuhusu matunda, nikawa nimekula udongo mara tatu katika aya moja. Kwenye mpangilio wa kifonetiki, kidole chako ndicho kinachoamua, shifti au bila shifti. Usipoijua herufi, umekwama palepale, na kukwama huko ndiko kujifunza.

Tena sisi wa Kiswahili tunauhitaji mkwamo huo kuliko wengine. Habari ilitoka kwenye خبر, haki kwenye حق, hewa kwenye هواء. Herufi tatu tofauti, kwetu zote h.

Mchangiaji wa pili:
Mkuu, kwenye tahajia nakuunga mkono, kwenye mazoea hapana. Itazame kibodi ya Kiarabu yenyewe. Herufi lamu (ل) iko kwenye G na alifu (ا) kwenye H, katikati kabisa, vidole vya shahada vinazifikia bila kuhangaika, na ال ndiyo inayoanza maneno chungu nzima. لا, yaani lamu na alifu pamoja, ina kitufe chake peke yake, pale kwenye B. Mpangilio wako uko kwenye kompyuta yako tu. Siku ukikalia ya mtu mwingine utadonoa herufi moja moja kama kuku.

Mchangiaji wa tatu:
Mimi naandika kwa simu, herufi nazibonyeza nikiziona. Huu ugomvi wenu ni wa watu wa kompyuta.

Mwanzisha mada:
Wa pili, kwa anayetaka kula mkate wake kwa kuchapa Kiarabu, una haki: ajifunze kibodi yenyewe tangu alifu kwa kijiti. Mimi naandika mistari kumi kwa wiki. Na msidhani herufi za Kilatini lazima zivuruge tahajia. Wanaisimu wana mfumo wa Buckwalter, alama moja kwa herufi moja: ش ni $, ع ni E, ص ni S kubwa. Unatisha kuusoma, lakini hakuna herufi inayopotea.

Mchangiaji wa pili:
Sawa. Na hamza? ء أ إ ؤ ئ, sauti ni ileile moja, maumbo matano. Hapo "andika unavyosikia" inakusaidia nini?

Mwanzisha mada:
Hapo umenishika. Nina kikaratasi nimekibandika chini ya skrini, hamza zote tano zimo na vitufe vyake. Mwaka wa pili huu, bado nakichungulia.