Status za mafumbo: kikoba kipige faini au watu waachwe?

Wakuu habari za jioni. Kuna kikoba kimoja huku Ujiji, Kigoma, jina naliacha, kimeletewa hoja kwamba memba akiweka fumbo kwenye status ya wasap la kumlenga memba mwenzie apigwe faini, akirudia atolewe. Wanaounga mkono wanasema simu ndo imeleta haya, eti zamani wanawake wa Ujiji walikua na staha hawasemani hadharani.

Zamani ipi jamani? Bibi zetu wakikosana na jirani mtu alikua anaenda dukani anachambua kanga mpaka apate yenye maneno anayoyataka, anajifunga, anapita mlangoni kwa mwenzie anarudi anapita tena kama vile kasahau kitu sokoni. "Naogopa simba na meno yake, siogopi mtu kwa maneno yake." Ukimuuliza anakwambia mie nimependa rangi tu, maneno wameandika kiwandani. Na kweli wameandika kiwandani! Yupo mtafiti anaitwa Rose Marie Beck kaandika sana kuhusu hili, kwamba kanga inampa mtu nafasi ya kusema bila kubanwa kwa alichosema.

Status kwangu mimi ni kanga ileile. Haina jina la mtu, maneno kayakopi kwa mwingine, na saa 24 zikiisha haipo. Kuna mradi wa Daniel Miller wa chuo cha UCL London kuhusu watu wanavyotumia mitandao ya kijamii, wanaanthropolojia 9 walikaa kila mmoja na watu wake miezi 15, Uchina, Uturuki, Brazil, Trinidad na kwingine, na moja ya hoja zao kubwa ni kwamba mitandao haiwafanyi watu wafanane, watu wa mahali ndo wanaigeuza iendane na maisha yao. Katika sehemu zote 9 hakuna hata moja ya Afrika, wangefika Ujiji wangekula mawese na kitabu kingeongezeka kurasa.

Kwa hiyo mimi napinga faini. Karibuni mnipinge.

Mha wa Kasulu
Kaka unaongea ya Ujiji unayafanya ya mkoa mzima. Kwetu juu huku mama zetu wanapenda kitenge cha Kongo, kitenge hakina maneno, mtu akikukosea unaitisha wazee linasemwa likaisha. Sasa hivi dada zangu wa Kasulu nao wanaposti mafumbo kila siku, hayo wameyatoa wapi kama sio kwenye simu?

Muuza dagaa Kibirizi
Mleta mada umesahau kitu kikubwa. Kanga haikuletei orodha ya walioiona. Status inakuletea, jina na saa. Mtu anarusha fumbo usiku anakaa macho anasubiri amwone fulani kafungua, akifungua anaongeza la pili. Na yule mwenzie mjanja kazima alama za kusoma, anaangalia haonekani, huku anaumia peke yake. Af unaweza kuichagulia watu, ukaiweka imfikie mtu mmoja tu. Kanga uliivaa mtaa mzima unaona, ukizidisha mashangazi wanakuvuta pembeni wanakwambia mama sasa basi. Hiyo ya mtu mmoja nani atakuvuta pembeni? Mlengwa akilalamika anaonekana kichaa maana wengine wote hawajaiona.

Mleta mada
Dada wa Kibirizi hapo umenikamata, hilo la kumchagulia mtu mmoja ni jipya kweli na ni baya kuliko kanga. Ila bado faini hapana. Mha, na wewe una haki, ila dada zako wamejifunza kwa watu na simu imewapa tu pa kusemea.

Mtu wa Mwanga
Si mtu afute namba tu yaishe? Status haikufikii mpaka wote wawili muwe mmeseviana.

Muuza dagaa Kibirizi
Ufute namba ya mweka hazina wa kikoba? Hela za mwezi utazituma wapi mdogo wangu.

Gungu Juu
Ipo sheria ya makosa ya mtandao ya 2015 na inagusa unyanyasaji mtandaoni, ukisema kwenye kanga ulikua huna kesi, status inapigwa skrinshoti. Kwa hiyo mie naona faini ya kikoba ni nafuu kuliko kwenda polisi, mnamalizana wenyewe.

Mleta mada
Skrinshoti ya nini sasa mkuu, ya ua jekundu na maneno "Mungu anaona"? Nani atakaa ahukumu hili ni fumbo na hili ni dua ya jioni? Kamati? Mwenyekiti wa hicho kikoba ninachokisemea ndo anaongoza kwa kuposti, na mleta hoja ni yule anayeamini zote zinamhusu yeye. Nijibuni hapo kwanza.